Uhariri wa filamu: waigizaji au katuni, wapi pana maisha?

KijanaWaMwananyamala
Wakuu habarini. Nahariri harusi, matangazo madogo na tamthilia moja ya YouTube, natumia programu ya DaVinci Resolve. Sasa niko njia panda. Prodyuza mmoja wa tamthilia anataka niwe edita msaidizi, malipo kwa kila kipande. Halafu kuna studio ndogo ya katuni za watoto, mkataba wa mwaka, hela kidogo ila inaingia kila mwezi. Ndoto yangu ni filamu ndefu. Nikienda katuni si nitakuwa nimejifungia? Na huko edita anafanya nini hasa, maana kila kitu kimeshachorwa?

BintiMvita
Anza na hilo swali la mwisho, mdogo wangu. Kwenye filamu ya waigizaji unaletewa mzigo wa picha zilizokwisha kupigwa, wewe unachagua na kupunguza. Apocalypse Now (1979) ilipigwa zaidi ya futi milioni moja za filamu, yaani zaidi ya saa 200, na wahariri Walter Murch na wenzake ndio walioingia humo kutafuta hadithi.

Kwenye katuni hakuna mzigo. Edita anapewa storibodi, yaani michoro inayoonyesha hadithi shoti kwa shoti, anaipa kila mchoro muda wake, anaweka sauti za muda zilizosomwa na wafanyakazi wa ofisini, muziki wa kuazima, mlango kugongwa, mbwa kubweka. Hiyo ndiyo animatiki. Mnakaa kuitazama, mnaona haichekeshi, wachoraji wanarudi mezani. Filamu ndefu inaweza kuzunguka hivyo kwa miaka. Kwa hiyo wewe uko pale kabla mhusika hajatembea hata hatua moja.

Na kuna utamu ambao watu wa waigizaji hawaujui: mdomo bado haujachorwa! Unaweza kuchukua nusu ya sentensi kwenye rekodi moja na nusu kwenye nyingine, hakuna atakayejua. Waigizaji wa sauti mara nyingi hurekodiwa kila mtu peke yake, kwa hiyo ugomvi wa mume na mke unaousikia huenda aliugombanisha edita. Kwenye waigizaji halisi, sentensi ya namna hiyo unaiiba tu mtu akiwa ametupa kisogo.

MzeeWaTaimlaini
Dada kaeleza vizuri, ila hiyo ni ya studio kubwa za Marekani kama Pixar. Japani mwongozaji huandika muda wa kila shoti kwenye storibodi yenyewe, kwa sekunde na fremu, yaani picha moja moja zinazounda sekunde. Edita anabaki kunyoa tu. Studio zetu nyingi za vipindi vya watoto ziko karibu na huko, kwa sababu ya bajeti. Shoti ikishachorwa huombi nyingine.

Kijana, waulize jambo moja: edita anaingia kabla ya animesheni au baada? Kama ni baada, utakuwa unabandika. Nenda kwenye tamthilia.

KijanaWaMwananyamala
Shikamoo mzee. Wameniambia nitakaa kwenye vikao vya storibodi.

MzeeWaTaimlaini
Marahaba. Basi hapo pana kazi. Hakikisha limeandikwa kwenye mkataba.

Otis254
Kuhusu kufungiwa, watu wanavuka. Lee Unkrich alitoka kwenye televisheni, akaingia Pixar 1994, akawa mmoja wa wahariri wa Toy Story (1995), mwishowe akaongoza Toy Story 3 na Coco. Craig Wood alihariri Pirates of the Caribbean, akahariri Rango (2011) ambayo ni katuni tupu, kisha akarudi kwa waigizaji, akawa mmoja wa wahariri wa Guardians of the Galaxy (2014). Humo kuna rakuni anayeongea ambaye hakuwepo mbele ya kamera.

Arthur Schmidt ndiye napenda kumtaja zaidi. Alipata Oscar ya uhariri kwa Who Framed Roger Rabbit (1988). Fikiria: unahariri mtu anagombana na hewa, unaamua shoti ikatwe wapi, ndipo wachoraji wanamweka sungura juu ya picha ulizokwisha kuzikata.

Na huku kwetu kazi zipo, wasikudanganye. Tinga Tinga Tales ilitengenezwa Nairobi, Ubongo Kids Dar. Kizazi Moto (2023), mkusanyiko wa katuni fupi za Kiafrika, ilikuwa na mkono wa Wakenya na Waganda.

MzeeWaTaimlaini
Otis, Unkrich na Wood wote walianza na waigizaji. Swali la kijana ni la upande wa pili.

Otis254
Hapo umenishika mzee 😂 Ila waongozaji walivuka: Brad Bird alitoka Ratatouille akaenda Mission: Impossible ya 2011.

BintiMvita
Mzee ana hoja. Prodyuza wa filamu anataka kuona umewahi kushika uso wa mtu: mwigizaji kakosea mara tano, wewe umempata mahali pazuri pa kukata. Katuni haikupi hilo. Chukua studio, na kila ukipata nafasi hariri filamu fupi ya mwanafunzi fulani, hata kwa nauli tu.

DadaWaKukata
Nyie mnazungumzia sanaa, mimi nazungumzia kodi ya nyumba. Malipo kwa kipande maana yake kipande kikichelewa kurushwa, nawe unachelewa kula. Kuna prodyuza simtaji, namdai mpaka leo na tamthilia ilishaisha. Ukienda huko, chukua nusu mwanzoni, tuma nakala yenye jina lako katikati ya picha, faili safi litoke hela ikishaingia. Na jina lako liwe kwenye orodha ya mwisho. Edita msaidizi huwa wanamsahau makusudi.

KijanaWaMwananyamala
Asanteni sana. Naelekea studio. Swali dogo: wao wanafanya fremu 25 kwa sekunde, mimi nimezoea 24. Naweza kubadilisha nikimaliza?

MzeeWaTaimlaini
Usithubutu. Weka 25 kabla hujaingiza hata mchoro mmoja, la sivyo midomo itahama na sauti. Na uliza kama wanachora kwa mbili mbili, yaani kila mchoro unakaa fremu mbili. Kama ndivyo, usikate katikati ya mchoro, utabakiza fremu moja peke yake na itamkaa mtazamaji jichoni kama kibanzi.