AI inakataa kunichorea mama anayenyonyesha, nifanyeje?

Mkunga_wa_Pwani: Habari za humu, wakuu. Mimi ni mkunga wa zahanati. Wiki ya Unyonyeshaji inaanza tarehe 1 Agosti, nami nataka michoro ya kuwafundisha wazazi wa mara ya kwanza: mtoto apakatwe vipi, mdomo upanuke kiasi gani, ashike chuchu pamoja na ule weusi wake. Nikaiomba AI, "ziwa lionekane vizuri". Ikanichorea mama kakaa kando ya ziwa, na mitumbwi miwili nyuma yake. Nikabadilisha nikaandika titi. Hapo ikagoma kabisa, eti nakiuka kanuni za maudhui. Mara sita! Najiona kama niliyefumaniwa natafuta picha za ngono.

babu_kijiwe: Hiyo mitumbwi nimecheka mpaka mke wangu kaja kuuliza kuna nini.

mtundu_wa_kompyuta: Mkuu, mara nyingi kuna milango miwili. Wa kwanza unasoma maneno yako. Wa pili unakagua picha ikishachorwa, kabla hujaiona, na huo ndio mkali: unaona ngozi na kifua tu, ukunga wako hauujui. Usiombe picha kama ya kamera. Omba mchoro wa mistari mitupu, mweusi na mweupe, wa kitabu cha afya.

Mama_Wawili: Mimi nasema igome tu. Binti wa dada yangu, picha yake ya mahafali ilivuliwa nguo na programu isiyo na mlango hata mmoja, ikazungushwa kwenye magrupu. Sheria ya Makosa ya Mtandao ipo tangu 2015, lakini picha ikishasambaa unaikusanyaje?

Mkunga_wa_Pwani: Poleni sana, dada. Hapo sina ubishi. Ila kunyonyesha si uchi jamani. Hata Facebook ililalamikiwa na akina mama mwaka 2008 kwa kufuta picha za namna hii, na leo inaziruhusu.

nesi_mstaafu: Mwanangu, unajitesa bure. UNICEF wana kadi za ushauri wa ulishaji wa watoto, zimechorwa na watu, unapakua bila kulipa. Na hiyo ya AI ikikubali, ikague kabla hujaibandika ukutani. Yangu ilimpa mtoto ncha ya chuchu tu, mshiko uleule tunaowakataza kila siku kwa sababu ya vidonda.

Mkunga_wa_Pwani: Mistari mitupu imekubali! Mshiko uko sawa, ila mama ana vidole sita. Naenda kupakua kadi, shikamoo.

nesi_mstaafu: Marahaba.