Skonsi za zabibu zinatoka bapa na ngumu, nirekebishe wapi?

MamaNtinda: Wadau, habari za humu. Nataka skonsi za Kiingereza, zile za kupasua katikati na kupaka jamu, siyo zile za hamira za bekari. Natumia unga wa ngano wa kawaida gramu 500, bekingi pauda vijiko 2 vya chai, majarini gramu 150 iliyoyeyushwa, sukari gramu 100, maziwa mililita 300, zabibu kavu kiganja kimoja. Nakanda hadi donge lilainike, nasukuma, nakata kwa glasi, naoka nyuzi 180 kwa dakika 25. Zinatanuka pembeni badala ya kupanda, zinakauka, na zabibu za juu zinaungua.

Fundi wa Unga: Nnyabo, tatizo kubwa ni majarini kuyeyushwa. Mafuta yanatakiwa yaingie kwenye unga yakiwa baridi na magumu, uyafikiche kwa ncha za vidole hadi unga ufanane na chenga za mkate. Joto la Kampala linalainisha majarini upesi, kwa hiyo ikate vipande, igandishe nusu saa kwanza.

Vipimo vyangu kwa unga huo huo: bekingi pauda vijiko 5 vilivyosawazishwa (2 ni vichache mno), chumvi nusu kijiko, majarini 120, sukari 60, zabibu 120, yai 1, maziwa kama 240. Usimimine maziwa yote kwa mpigo, maana unga haunywi sawa. Changanya kwa kisu, na donge likishikana tu, acha. Ukikanda kama chapati unakaza gluteni (protini ya ngano inayovutika), ndiyo maana zinakuwa ngumu. Bado linanata kidogo? Vizuri.

Usisukume jembamba. Libonyeze kwa kiganja hadi unene wa sentimita 2.5. Mdomo wa glasi ni butu, unabana kingo zisipande; tumia kikatio chenye makali, kichovye kwenye unga, bonyeza chini moja kwa moja bila kukizungusha. Yai la kupaka liishie juu, likichuruzika ubavuni linagundisha upande huo na skonsi inapanda ikiinama. Oveni iwe imeshafika nyuzi 220, dakika 12 hadi 15. Zipange karibu karibu. Iliyopanda vizuri utaiona ina mpasuko kiunoni.

Kabale_Jikoni: Naongezea kuhusu zabibu. Ziloweke kwenye chai ya moto dakika 20, zichuje, zikaushe kwa kitambaa (maji yakibaki donge linageuka uji), kisha zichanganye na unga kabla ya maziwa. Ukishakata, zilizochungulia juu zisukume ndani kwa kidole. Nanasi kavu lililokatwa vidogo ni tamu kuliko zabibu kwa maoni yangu, ila nanasi bichi usiliguse, lina maji mengi.

Huku kwetu milimani hewa ni nyepesi, bekingi pauda inafura zaidi, kwa hiyo vijiko 4 vinatosha.

Sigiri256: Wasio na oveni: sufuria nzito yenye kifuniko, mchanga mkavu sentimita 2 chini, pasha dakika 20. Nyunyiza unga kidogo kwenye bati ndani. Ukiwa kahawia kwa kama dakika moja, weka skonsi, ukiwa mweusi, punguza moto. Makaa mengi yakae juu ya kifuniko, chini yawe machache. Wengi wanafanya kinyume, halafu wanalalamika zimeungua tako na juu ni nyeupe.

MamaNtinda: Asanteni sana. Nikitumia bongo (maziwa ya mgando) badala ya maziwa?

Fundi wa Unga: Inafaa, na ndani zinakuwa laini zaidi. Kwa mililita 240 weka soda ya kuokea nusu kijiko cha chai na upunguze bekingi pauda kwa vijiko 2. Ila soda ikishakutana na uchachu inaanza kazi papo hapo, kwa hiyo oveni iwe moto kabla hujamimina bongo.