Mwigizaji wa jukwaani akihamia kwenye kamera: "punguza" maana yake nini hasa?

Tonge_la_Bagamoyo:
Wakuu, salaam. Nauliza wenye uzoefu wa seti. Kuna binti amemaliza TaSUBa (chuo cha sanaa Bagamoyo), jukwaani hana mpinzani, sasa ameitwa kwenye tamthilia inayorekodiwa Mbezi na Kigamboni. Kwenye majaribio dairekta anamwambia "punguza". Akipunguza, anaambiwa amepoa, hana uhai. Apunguze nini hasa? Kila mtu anamtolea mfano wa Prof. Amandina Lihamba, kwamba jukwaani yupo na kwenye filamu yupo, ila hakuna anayefafanua.

KlosapuTemeke:
"Punguza" ni neno la uvivu, dairekta alitakiwa amweleze. Ukumbini sauti inapaswa imfikie wa kiti cha mwisho, ndiyo maana taya linafunguka na mkono unaanzia begani. Kwenye kamera wa kusikia ni yule anayesema naye tu. Abadilishe umbali, nguvu aiache.

Zoezi: wasimame hatua moja moja na mwenzake, wagombane sini nzima (kipande kimoja cha hadithi) kana kwamba kuna mtoto mchanga kalala chumba hichohicho. Hasira ileile, sauti chini. Simu iwekwe usawa wa macho irekodi, halafu waangalie bila sauti kwanza. Kama uso hausomeki, basi hajui anataka nini kwenye hiyo sini, na hapo kupunguza hakutamsaidia kitu.

Kwenye klosapu, yaani picha ya karibu ya uso, achague jicho moja la mwenzake, lile lililo karibu na kamera, abaki nalo. Akihamahama kati ya macho mawili, kwenye skrini anaonekana mwongo. Na kichwa kitulie: akiegemea mbele kidogo tu, fokasi imepotea (picha ina ukungu) na teki, yaani rekodi ya mara hiyo, imeharibika.

Kuhusu Prof. Lihamba, aitafute Maangamizi ya 2001, filamu ya kwanza Tanzania kuipeleka kwenye Oscar. Humo anacheza Samehe, mgonjwa ambaye hajatamka neno kwa miaka 20. Msomi wa tamthilia, mtu wa jukwaa, anapewa mhusika aliyefungwa mdomo. Aangalie pumzi na shingo, mistari aiache.

Kontinyuti_Kinondoni:
Mkuu hapo juu kasema vizuri, ila sauti inarekebishika kwa wiki. Kinachowaangusha wa jukwaani ni kurudia. Sini ya dakika mbili itapigwa pana (kamera ikiwa mbali, wote wanaonekana), kisha klosapu yake, kisha ya mwenzake. Akiinua kikombe kwenye neno "mume" kwa mkono wa kushoto, ni hivyohivyo mpaka mwisho, la sivyo mhariri hana pa kukata. Aandike kwa penseli kwenye skripti: mkono gani, neno gani.

Sini ya kula ndiyo mtego. Tonge liwe la ncha ya vidole. Anayemega ugali kama yuko kwao, teki ya nane hawezi hata kutamka. Kilio nacho: aulize klosapu yake inapigwa lini, asimwage machozi yote kwenye picha pana ambako hayaonekani.

Tena sini hazipigwi kwa mpangilio. Ya 40 inaweza kutangulia ya 3 kwa sababu nyumba imekodiwa siku moja. Juu ya kila sini aandike mstari mmoja: ametoka wapi, ameshajua nini, mwili ukoje. Kabla hajavua, apigwe picha: kanga imefungwaje, ncha ipi iko juu.

MaikiYaMti:
Naongeza la sauti. Kitenge kipya chenye wanga kinakwaruza maiki ya kifuani, kifuliwe mara mbili. Bangili zivuliwe kama hazionekani. Bodaboda akipita katikati ya mstari, asipandishe sauti kushindana naye. Asubiri, kisha aanze sentensi upya tangu mwanzo, asidakie katikati.

Tonge_la_Bagamoyo:
Nimewaelewa sana. Na mkataba je?

Kontinyuti_Kinondoni:
Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inamtambua mwigizaji kama mwenye haki, si kibarua wa siku. Kwa hiyo iandikwe: analipwa kwa siku au kwa kipindi, lini, na tamthilia ikirudiwa au ikipandishwa YouTube anapata nini. Akiona "haki zote, milele, kwa njia zote", asikimbie. Aitaje bei ya hayo maneno, au yawekewe miaka.

Sini za mapenzi zielezwe kwa maandishi kabla, zinaishia wapi na nani atakuwepo chumbani. Wengi wanasahau usafiri: sini ya usiku Kigamboni ikiisha saa nane, nani anamfikisha nyumbani? Hilo nalo liandikwe. Na nakala yenye sahihi zote mbili aondoke nayo siku hiyohiyo. Ya "tutakutumia" huwa haiji.