Asumini yangu inageuka njano huku Dodoma, nakosea wapi?

Mtanga_Ugenini: Wakuu, shikamooni wakubwa, wengine mambo. Nimehamia Dodoma kikazi. Mama alinipa miche miwili ya asumini, ile ya vikuba, vishada vya kunukia wanavyovaa akina mama. Mmoja nimeupanda nyuma ya nyumba, udongo mweusi wa mbuga. Mwingine uko kwenye ndoo. Namwagilia maji ya kisima kila jioni. Sasa majani machanga yamekuwa njano, mishipa tu ndiyo imebaki kijani, na ua hata moja sijaliona. Mama akipiga simu namdanganya kwamba zinachanua. Krismasi anakuja!

Kizota_Bustani: Pole mkuu. Angalia sufuria unayochemshia maji, ina utando mweupe? Visima vingi huku vina chumvi. Majani machanga yakiwa njano na mishipa ya kijani, mara nyingi maana yake mche haupati madini ya chuma. Yamo udongoni, ila udongo ukizidi magadi mizizi haiwezi kuyafyonza. Asumini inapenda pH (kipimo cha uchachu au magadi ya udongo) ya 6 hadi 7 hivi. Na usiweke majivu kabisa.

Mtanga_Ugenini: Mungu wangu. Majivu ya mkaa nimeweka kila wiki tangu Juni, jirani alisema ni mbolea.

Bibi_Shamba: Mwanangu, kwenye mchicha sawa, huko hapana. Na huo wa mbuga uhamishe mvua zikianza Desemba. Udongo ule mvua ikinyesha unafinyanga chungu, kiangazi unapasuka mguu ukaingia. Mizizi itapumulia wapi? Chimba futi mbili penye udongo mwekundu, changanya na mchanga wa korongo na samadi ya mbuzi iliyooza. Iliyooza, sio ya jana! Tandaza nyasi kavu juu.

Kizota_Bustani: Bibi kamaliza. Nyongeza tu: usinyunyize kidogo kidogo kila siku, chumvi inabaki juu. Mwagilia mara mbili kwa wiki, maji yashuke chini. Mvua zikija kinga maji ya bati uyatumie hayo. Mche uuweke penye jua kwa muda wa saa sita hivi kwa siku, ukuta uukinge upepo. Julai ya Dodoma sio ya Tanga. Ukishatoa maua kata ncha, maua huja kwenye machipukizi mapya.

Bibi_Shamba: Na wa kwenye ndoo, ulitoboa chini?

Mtanga_Ugenini: Kumbe inatobolewa?

Bibi_Shamba: Mama yako mwambie ukweli tu.