Dan Savio ni nani kwenye filamu za kauboi za Italia?

kanda_mbili: Wakuu, salaam. Kopi ya zamani ya Per un pugno di dollari (1964) inaonyesha mwanzoni kwamba muziki ni wa Dan Savio. Kila mahali nasoma ni Ennio Morricone. Kipi sahihi? Na huyu bwana alitokea wapi hadi akaweka mluzi na mjeledi kwenye sinema?

fundi_tuni: Vyote sahihi, ni mtu mmoja. Ilihofiwa kwamba Waitalia wenyewe wasingelipa kiingilio kumtazama kauboi wa Roma, basi watu wakabandikwa majina ya Kimarekani: mwongozaji Sergio Leone akawa Bob Robertson, mwigizaji Gian Maria Volonté akawa John Wells. Savio alishatumika mwaka mmoja nyuma, kwenye Duello nel Texas. Ukikutana na Leo Nichols kwenye Navajo Joe (1966), ni yeye tena. Ukimtafuta kwa jina moja tu, filamu hizo utazikosa.

mzee_wa_okarina: Morricone alikotokea ni konsavatoria (chuo cha muziki) ya Santa Cecilia, Roma: diploma ya tarumbeta 1946, ya utunzi 1954 chini ya Goffredo Petrassi. Utunzi huo haukuwa na hela, akaishia kupanga ala za nyimbo za pop kwenye kampuni ya rekodi ya RCA Italiana. Yaani wimbo unaletwa ukiwa na tuni na maneno, yeye anaamua nani apige nini na aingie wapi. Filamu ya kwanza kwa jina lake ni Il federale, 1961.

Mjeledi ulitoka hukohuko kwenye pop. Alipanga Pastures of Plenty ya Woody Guthrie, ikaimbwa na Mmarekani Peter Tevis. Nyuma ya sauti kuna mjeledi, kengele na nyundo. Leone alipoisikia akautaka mpangilio uleule, mwimbaji atolewe. Morricone akaweka tuni mpya juu yake, kwa mluzi na gitaa la umeme la Alessandro Alessandroni. Zisikilize mbili hizi zikifuatana, utacheka.

Tarumbeta ya pambano la mwisho nayo ni ya akiba. Leone alitaka kitu kama Degüello, tuni ya tarumbeta ya Dimitri Tiomkin kwenye filamu ya Rio Bravo. Morricone akatoa kabatini wimbo wa kubembelezea mtoto aliouandikia tamthilia ya televisheni, akaupaka manjonjo ya Kimeksiko.

kanda_mbili: Shukrani. Sasa, nikiiga sauti hiyo kwa kompyuta inatoka kama tangazo la biskuti. Nakosea wapi?

fundi_tuni: Bila shaka umerundika ala. Chukua Il buono, il brutto, il cattivo (1966). Ile alama yake ni nota mbili, la na re, zinazopokezana haraka kama mlio wa koyote, halafu jibu fupi. Kila mhusika ana sauti yake: filimbi ni ya Clint Eastwood, okarina (kifilimbi cha mviringo) ni ya Lee Van Cleef, makoo ya watu ni ya Eli Wallach. Kila mmoja anapewa nafasi yake, hakuna anayemkanyaga mwenzake. Weka ala moja, acha kimya, ndipo uite ya pili.

Mwangwi nao: upe gitaa na mluzi. Ukiutia hadi kwenye mjeledi na kengele, pigo linakuwa butu na kila kitu kinasikika kama kimepigwa bafuni.

Kisha sikiliza saa ya mfukoni kwenye Per qualche dollaro in più (1965). Vikengele vyake vinasikiwa na wahusika wenyewe; baadaye muziki unavimeza, kinanda cha kanisani kinaingia na kipande cha Toccata ya Bach, halafu tarumbeta. Ukubwa ule unatokana na udogo wa mwanzo. Ukianza na vayolini arobaini huna pa kupanda.

mzee_wa_okarina: Nyongeza kwa anayekusanya: Django (1966) ni ya Luis Bacalov, na Lo chiamavano Trinità (1970) ni ya Franco Micalizzi, ingawa mtandaoni zote mbili hubandikwa jina la Morricone. Mluzi usikudanganye, Alessandroni alikuwa akikodiwa na watunzi wengi.