Kesi ya talaka iko Dar, mama na watoto wako Moshi

Kutoka: kaka wa Pasua, sasa Bremen

Habari za huko mliko, ndugu zangu. Mdogo wangu wa kike amerudi nyumbani Moshi na watoto wawili, wa mwisho bado ananyonya. Juzi kaletewa wito: shemeji kafungua shauri la talaka mahakama ya mwanzo Dar es Salaam, na tarehe ni wiki mbili zijazo. Wazee wanamwambia asiende, akae kimya, shauri litajifia. Mimi ndiye ninayetuma hela nyumbani. Nimsaidieje nikiwa huku?

Kutoka: dada wa Sakina, sasa Leicester

Pole sana, mangi. Kwa hili wazee wamekosea. Mimi nilikaa kimya. Nilikuwa Arusha na mtoto mchanga, kesi iko Mwanza, nikajiambia hawawezi kuniamulia bila kuniona. Waliweza. Shauri likasikilizwa upande mmoja, na nilipopata habari talaka ilikuwa imeshatolewa na kiwanja tulichonunua pamoja hakijatajwa popote. Kuomba hukumu ile itenguliwe kulinila hela kuliko nauli zote nilizoziogopa. Mwambie wito asiuweke kabatini.

Shauri linaweza kuhamishwa. Kifungu cha 47 cha Sheria ya Mahakama za Mahakimu kinaruhusu shauri la mahakama ya mwanzo kuhamishwa wakati wowote kabla ya hukumu. Likiwa mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi, Mahakama Kuu ndiyo inayoweza kulitoa huko na kulipeleka kwingine, chini ya kifungu cha 21 cha Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai. Ila ukitafuta mtandaoni utakutana na hukumu nyingi za India, ambako Mahakama ya Juu mara nyingi imehamisha kesi za ndoa kwa kuangalia unafuu wa mke. Usizitegemee. Kifungu chetu hakimtaji mke wala mume; anayeomba ndiye anayeeleza sababu na kuzithibitisha.

Kwa hiyo akusanye karatasi: barua ya mtendaji wa mtaa kwamba anaishi Pasua hapo Moshi, kadi ya kliniki ya mtoto, barua ya shule ya mkubwa. Aandike na mashahidi wake wako wapi. Hilo la mashahidi lina uzito mkubwa, maana pakigawanywa mali atahitaji watu waliomwona akilea na kutunza nyumba. Kazi hiyo inahesabiwa kuwa mchango tangu Mahakama ya Rufani iamue shauri la Bi Hawa Mohamed mwaka 1983. Kama mashahidi hao wako Moshi, aseme hivyo waziwazi.

Tena asidhani kwamba akishaomba uhamisho, ile tarehe imefutika. Kama hawezi kusafiri, mahakama ya mwanzo inaweza kumruhusu ndugu amwakilishe, mradi yeye mwenyewe aombe. Mna mtu Dar?

Kutoka: kaka wa Pasua

Shangazi yupo Mbagala. Asante sana, dada. Je, hati ya kiapo ya kuunga mkono ombi la uhamisho naweza kuapa mimi huku Ujerumani? Maisha yake yote nayajua.

Kutoka: dada wa Sakina

Hapana, aape mwenyewe. Mwapaji anaeleza anayoyajua kwa macho yake, na wewe umehadithiwa kwa simu. Wewe uape tu lile linalokuhusu, mfano kwamba ndiye unayewatumia hela ya kula, na uambatishe risiti.

Hapo Moshi kuna KWIECO, wanasaidia wanawake kisheria. Aende na wito mkononi. Aulize pia kama shemeji alipitia baraza la usuluhishi la ndoa na kupata hati kwamba usuluhishi umeshindikana. Hati hiyo isiwe imepitisha miezi sita shauri lilipofunguliwa. Mimi sikuliuliza hilo mapema na lilinigharimu.

Kutoka: kaka wa Pasua

Nimeongea naye sasa hivi. Kesho asubuhi anaanzia kwa mtendaji, kisha KWIECO. Shangazi amekubali kwenda mahakamani siku hiyo, anasubiri barua ya ombi yenye sahihi ya mdogo wangu. Nimeshamtumia hela ya kuituma kwa basi.