Fielder inagonga mbele: linki za stebilaiza za boksi jeupe, za Korea au eksi-Japani?

MwanaShella_MLD, Jumapili saa 2:10 usiku

Salaam aleikum jamaa. Nina Toyota Fielder ya 2008, modeli NZE141. Kila siku naenda nayo Watamu kazini, na mara moja kwa wiki nampeleka mama kliniki Kilifi. Tangu mwezi jana mbele kushoto kunagonga: ko, ko, ko. Kwenye lami laini kimya. Nikiingia vichochoro vya mawe, au tairi moja ikidondoka kwenye kishimo, ndipo sauti inapoanza. Mwendo wa pole ndio mbaya zaidi. Nikifika 60 sisikii kitu.

Nilipeleka gereji moja, fundi akasukuma bonneti mara mbili akasema shoki zimekwisha. Nikanunua mbili za mbele, zikafungwa, nikatoka getini. Tuta la kwanza tu: ko. Niliumia sana, maana zile pesa nilikuwa nimeziweka kwa karo. Fundi wa pili ndiye aliyenitajia linki za stebilaiza.

Nimezunguka kuuliza bei. Kuna za boksi jeupe lisilo na jina, mia tisa kila moja. Kuna CTR za Korea, elfu mbili kila moja. Kuna eksi-Japani, yaani zilizotumika zikavuliwa kwenye magari ya Japani, mia saba. Orijino ya Toyota ni ya kuagiza Mombasa na bei yake inapita mara mbili ya hiyo ya Korea. Wenye uzoefu, nishike ipi?

Fundi_Barani, Jumapili saa 3:05 usiku

Pole sana ndugu yangu. Usinunue chochote bado. Umeshabahatishiwa mara moja, usikubali kubahatishiwa mara ya pili.

Linki ni kijiti kifupi cha chuma chenye bolijointi, yaani kiungo cha duara kinachogeuka, huku na huku. Kwa gari lako inashika shoki upande mmoja, na upande wa pili inashika ile nondo ya stebilaiza inayopita chini kutoka gurudumu hadi gurudumu. Gurudumu moja likipanda na lingine likabaki, linki inavuta nondo, nondo inapindika, na bodi haliinami ovyo kwenye kona. Magurudumu yote mawili yakipanda kwa pamoja, nondo inazunguka tu kwenye bushi zake za mpira na linki hazipati kazi kubwa. Kwa hiyo kesho tafuta tuta. Lipande wima kwanza, pole pole. Halafu rudi ulipande kwa mshazari, tairi moja itangulie. Likinyamaza wima na kugonga mshazari, tuko karibu na linki au bushi za stebilaiza.

Rudia pale pale penye kishimo huku umekanyaga breki kidogo tu. Sauti ikipotea, iangalie kalipa na pedi kabla ya kitu kingine. Na gari likiwa limesimama zungusha usukani mwisho hadi mwisho. Ukisikia springi inaruka "tung", hiyo ni maunti ya shoki juu, pale shoki inaposhikana na bodi, na kwa kuwa shoki zako zimefunguliwa juzi, hapo pa kutazamwa kweli kweli. Huenda nati ya juu haikukazwa.

Kisha mkono. Egesha pahali pa tambarare, zima injini, vuta breki ya mkono, kata usukani mpaka upate nafasi nyuma ya tairi. Shika linki kwa vidole karibu kabisa na bolijointi, mwenzio atikise kona ya gari juu chini. Nzima hutasikia kitu. Iliyokufa utaisikia kwenye ncha za vidole kabla ya masikio, inapiga kidogo kama jino linalocheza. Tazama na mpira unaofunika bolijointi: ukiwa umepasuka, grisi imegeuka matope na kunatoka maji mekundu ya kutu, huna haja ya mjadala.

Kosa la wengi ni kupiga jeki upande mmoja halafu kutikisa linki. Gari likiinuliwa upande mmoja nondo imejipinda, inaibana linki, na hata iliyokwisha itajifanya nzima. Ama magurudumu yote mawili ya mbele yawe chini, ama yote mawili yaning'inie juu ya stendi.

BiSaumu_Watamu, Jumapili saa 3:40 usiku

Kaka yangu, za boksi jeupe nimezitia mwenyewe kwenye Probox yangu. Nilifunga Mfunguo Mosi, na Mfunguo Nne haujaisha kelele zilikuwa zimerudi. Nilipozitoa chuma kilikuwa bado kinang'aa. Kilichokufa ni mpira, ulikuwa umechanika pale unapobanwa na ile pete, mchanga ukaingia ndani. Basi gharama ya kufunga mara mbili ikala ule unafuu wote.

Nikatia za Korea. Huu mwaka wa pili, na barabara ya kwetu kutoka lami hadi nyumbani unaijua, ni mawe matupu. Mimi sitarudi kwenye boksi jeupe.

Ukienda dukani, ibonyeze ile mipira kwa kidole gumba kabla hujalipa. Mpira mzuri ni mnene, unarudi. Ule niliouziwa mimi ulikuwa mwembamba kama puto na nilijisikia vibaya baadaye kwamba nilikuwa nao mkononi nisiutazame.

Kazungu_Gongoni, Jumapili saa 4:15 usiku

Mimi nitasimama na eksi-Japani. Pikapu yangu inashinda kwenye mashamba ya chumvi, Gongoni hadi Marereni, na huko hakuna chuma kinachopona. Linki ya eksi-Japani ni orijino ile ile ya kiwandani, imetoka kwenye gari lililotembea lami. Nimetia jozi kwa bei ya linki moja ya Korea, na nikaendesha mwaka na ushee. Kwa mtu ambaye pesa ya karo imeshaliwa na shoki, mia saba ni mia saba.

Cha kuangalia: shika ule msumari wa bolijointi, ule wenye nyuzi unaofungwa nati, uusukume kwa vidole. Unatakiwa uwe mgumu, uende kwa nguvu na laini bila kukwama mahali. Ukianguka wenyewe kwa uzito wake, iache hapo hapo mezani.

Na tafadhali msisahau bushi za stebilaiza, zile zenye umbo la nusu duara zinazoishikilia nondo kwenye fremu. Hizo ni bei ya chai na mkate. Mimi nilibadilisha linki, sauti ikapungua lakini haikwisha, kumbe bushi ilikuwa imelika mpaka nondo inacheza ndani.

Fundi_Barani, Jumapili saa 4:30 usiku

Kazungu, kuhusu bushi uko sawa kabisa, na ningelisema mwanzo. Kuhusu eksi-Japani nakuunga mkono nusu. Chuma ni kizuri, hilo silikatai. Lakini mpira nao una umri. Umekaa miaka kumi na zaidi, na huoni nyufa mpaka uukunje. Wewe una jicho la kuchagua, mwenzetu huyu ndiyo kwanza ananunua. Na ile test yako ya kidole ni kweli, ila linki ikikaa wazi kwenye rafu kutu ndani nayo huifanya iwe ngumu, mtu akadhani amepata nzuri. Ndiyo maana lile neno lako "laini bila kukwama" ni muhimu kuliko "ngumu".

Upwani huku mimi napima linki kwa mpira wake. Nchi za bara linki inakufa kwa mashimo. Kwetu inakufa kwa chumvi na mchanga kupita kwenye mpira, halafu mashimo yanamalizia.

Nahodha_Mokowe, Jumatatu saa 12:50 asubuhi

Nduyangu, mimi niko Lamu, gari langu naliwata Mokowe, ng'ambo ya bara, kwa sababu kisiwani halina kazi. Hukaa wiki mbili tatu limesimama pale, upepo wa bahari unalipiga usiku na mtana. Nikitaka spea ni ndia ya Malindi, zaidi ya kilomita mia mbili, kwa hiyo sinunui kitu cha kurudi nacho tena. Natia za Korea au za chapa ya 555 za Japani, jozi, na bushi juu yake.

Nalokuja kukwambia ni nati. Jiandae na nati. Kwa mai ya chumvi huwa imeshikana na msumari kama kitu kimoja. Ukiizungusha, msumari wote unazunguka ndani ya bolijointi na nati iko pale pale. Mwisho wa msumari mna tundu la alenki, ule ufunguo wa pembe sita, la kuuzuia, lakini lishajaa kutu. Lisafishe kwa msumari mwembamba na brashi ya waya, tia mafuta ya kulainisha usiku, asubuhi tia tena, ndipo uguse spana. Mimi nilifanya haraka, tundu likachakaa likawa duara, ikabidi grainda. Grainda pale ni karibu na paipu ya breki na mpira wa shafti ya gurudumu. Tulifunika kwa kitambaa kimaji, lakini nilitetemeka mpaka kazi ilipokwisha.

Tena usikubali mtu akwambie uzitoe linki zikae nje, gari litatembea tu. Litatembea kweli, maana linki haishiki gurudumu. Fundi mmoja alinifanyia hivyo "kwa muda". Nilikuwa nimepita Witu na mzigo nyuma, punda akakatisha ndia, nikakwepa. Gari lililala upande mmoja mpaka nikaona lami kwa dirishani. Haya nimeyaona kwa mato yangu.

MwanaShella_MLD, Jumatatu saa 1:20 usiku

Nashukuru nyote. Nimefanya nilivyoambiwa. Tuta wima: kimya. Tuta mshazari: ko, ko. Breki haikubadilisha kitu, usukani mwisho hadi mwisho haukutoa sauti. Mdogo wangu akatikisa kona, mimi nikashika. Fundi, ni kweli, niliisikia kwenye vidole kwanza. Ni ya kushoto, bolijointi ya chini. Ya kulia haichezi ila mpira umeshapasuka.

Je, nibadilishe moja au mbili? Na kazi hii naweza kuifanya mwenyewe? Nina jeki mbili, stendi mbili na seti ya soketi.

BiSaumu_Watamu, Jumatatu saa 1:35 usiku

Mbili. Mpira umepasuka, hiyo ya kulia inahesabu siku.

Fundi_Barani, Jumatatu saa 2:00 usiku

Mbili, na unaweza. Legeza nati za magurudumu gari likiwa chini. Inua mbele kote, weka stendi pande zote mbili, jeki peke yake usiiamini hata dakika moja. Toa magurudumu. Nati za linki ni soketi ya 17, na alenki ya 6 ya kuzuia msumari. Mafuta anza kutia leo usiku, kama alivyosema Nahodha.

Magurudumu yakining'inia sawa, linki mpya itaingia kwa mkono. Ukiona tundu halikutani na msumari, usigonge na nyundo. Upande mmoja umekaa juu kuliko mwingine, uinue kwa jeki taratibu chini ya amu, ule mkono wa chuma unaoshika gurudumu, mpaka likutane. Linganisha mpya na ya zamani kwa urefu kabla ya kufunga, dukani huchanganya.

Nati tumia zilizokuja na linki, za zamani zitupe. Anza kwa mkono, kisha kaza kwa spana huku alenki imeshika. Bunduki ya upepo hapa hapana, inauzungusha msumari na kuusokota mpira ukiwa bado mpya. Kitabu cha gari lako kinasema nyutonimita 74. Ukiwa huna spana ya kupimia, njoo kwangu mtaa wa Barani nikukazie, ni dakika tano. Ukimaliza paka grisi kwenye nyuzi zilizobaki nje na ndani ya lile tundu la alenki, ili siku ya kuzitoa usilie.

Kazungu_Gongoni, Jumatatu saa 2:10 usiku

Na ukiwa huko chini, shika ile nondo yenyewe uitikise. Ikicheza kwenye fremu, ongeza bushi.

MwanaShella_MLD, Jumamosi saa 11:45 jioni

Nimerudi na majibu. Nimechukua za Korea, jozi, na bushi mbili, kwa sababu Kazungu alisema kweli: upande wa kushoto nondo ilikuwa inacheza. Kulia nilimaliza kwa nusu saa. Kushoto nilitumia asubuhi nzima kwa nati moja ya chini, na tundu la alenki nililichokonoa mpaka vidole vikatoka malengelenge, lakini grainda sikuishika. Fundi aliponiazima alenki yake ndefu, nati ilitoa mlio mmoja mkali na ikaachia.

Nimetoka nayo jioni hii, vichochoro vyote vya Shella hapa Malindi, halafu Casuarina, halafu nikarudi kwa makusudi kwenye kile kishimo cha karibu na nyumbani. Kimya. Kwenye kona inakaa sawa kuliko siku niliyoinunua. Ile ya zamani ninayo hapa mezani. Nikiiinamisha msumari unaanguka wenyewe, na harufu yake ni ya chuma kilicholala baharini.

Fundi, nakuja Jumatatu asubuhi unikazie kwa spana ya kupimia kabla sijampeleka mama Kilifi. Alenki yako nimeisafisha, nakuja nayo.